Krystyna Janda na Dhamana ya Mwigizaji

Mhadhara wa wazi kwa wanafunzi, walimu na wapenzi wa sanaa za maonyesho

  

Madhumuni yangu ni mamoja. Nataka kuonyesha, kupitia maisha na kazi za Krystyna Janda wa Poland, kwamba uigizaji ni kazi ya dhamana. Mwigizaji anapokubali kuvaa uhusika, anajifunga kuwatendea haki watu ambao uhusika ule unawasemea. Dhamana hiyo humfuata hata kamera ikishazimwa, hata filamu ikifungiwa, hata serikali na majira yakibadilika. Nitaijenga hoja hiyo kwa hatua sita.

Kwanza niseme kwa nini Poland si ngeni kwetu kama tunavyodhani. Wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia, maelfu ya Wapolandi waliohamishwa kwa nguvu na utawala wa Stalin kwenda Siberia na Asia ya Kati walipitia Uajemi wakafika Afrika Mashariki. Wengi wao walikuwa wanawake na watoto. Kambi yao kubwa ilikuwa Tengeru, karibu na Arusha, na nyingine zilikuwa Masindi na Koja nchini Uganda. Makaburi ya waliofariki wakiwa Tengeru yapo hadi leo, na yeyote kati yenu anaweza kwenda kuyaona. Utawala uliowang'oa watu wale makwao ndio ulioisimika serikali mpya Poland baada ya vita. Mama mmoja aliyezikwa Tengeru na mwanamke wa filamu nitakayoizungumzia kwa kirefu waliumizwa na mkono uleule.

Krystyna Janda alizaliwa tarehe 18 Desemba 1952 katika mji wa viwanda wa Starachowice. Alisoma sekondari ya sanaa za uchoraji jijini Warsaw, kisha akaingia Chuo cha Taifa cha Tamthilia cha jiji hilohilo na kuhitimu mwaka 1975. Huko alifundishwa na Aleksander Bardini, mwigizaji na mwongozaji aliyeheshimika sana. Kumbukeni jina hilo, maana tutakutana nalo tena.

Hoja ya kwanza: uhusika hujengwa kwa mwili mzima

Mwaka 1976 mwongozaji Andrzej Wajda alimchagua Janda, akiwa na umri wa miaka 23, kuigiza katika Człowiek z marmuru, yaani Mtu wa Marumaru. Mswada wa filamu hiyo ulikuwa umeandikwa na Aleksander Ścibor-Rylski mwanzoni mwa miaka ya 1960, ukakaa zaidi ya muongo mzima bila kupewa ruhusa. Hatimaye waziri wa utamaduni, Józef Tejchma, ndiye aliyekubali itengenezwe.

Kisa chenyewe ni hiki. Agnieszka, mwanafunzi wa filamu, anatengeneza kazi yake ya kuhitimu. Anachagua kumtafuta Mateusz Birkut, mwashi aliyetukuzwa miaka ya 1950 kwa kasi yake ya kupanga matofali katika ujenzi wa mji mpya wa Nowa Huta. Birkut alipigwa picha, akaimbwa, akachongewa sanamu ya marumaru. Baadaye rafiki yake akakamatwa, naye alipomtetea akatupwa gerezani, jina lake likafutwa. Agnieszka anaikuta sanamu imelazwa ghalani katika Makumbusho ya Taifa, mahali asiporuhusiwa kupiga picha. Anaipanda, anaikalia kama mtu aliyepanda farasi, na kuipiga picha kwa kamera ya mkononi kabla mlinzi hajarudi.

Naomba wanafunzi wangu muitazame sehemu hiyo zaidi ya mara moja. Janda anamwigiza Agnieszka akiwa na nguo za jinzi, begi kubwa begani, sigara mdomoni, hatua ndefu, mikono isiyotulia. Wapo watazamaji wa wakati ule walioona amezidisha. Mimi naona alikuwa amemwelewa mtu wake. Agnieszka anatembea katika nchi ambayo kila mlango unafunguliwa nusu na kila mzee anajibu kwa kupima maneno. Janda aliitambulisha hali hiyo kwa mwili: binti huyu hana subira kwa sababu amezaliwa baada ya hofu ya wazazi wake, na hakubali kuirithi. Hotuba ndefu isingeweza kutuambia zaidi ya jinsi anavyokata korido za kituo cha televisheni.

Kisha mhariri wa televisheni anamnyang'anya kamera na mikanda. Agnieszka anarudi kwa baba yake, mfanyakazi wa reli, akiwa ameishiwa nguvu. Baba anamshauri amtafute yule mtu hivyohivyo, hata bila kamera. Hapo ndipo penye moyo wa filamu na, kwa maoni yangu, penye dira ya maisha yote ya Janda kisanaa: ukweli una haki ya kutafutwa hata kama chombo cha kuuonyesha kimechukuliwa.

Filamu ilionyeshwa Februari 1977 jijini Warsaw na foleni zikawa ndefu. Katika tamasha la filamu la Gdańsk mwaka huo haikupewa tuzo rasmi. Waandishi wa habari wakamkabidhi Wajda tuzo yao pembeni, kwenye ngazi: tofali lililofungwa utepe.

Hoja ya pili: mwigizaji huchagua upande hata anapodhani amechagua kazi tu

Agosti 1980 wafanyakazi wa kiwanda cha kuunda meli cha Gdańsk waligoma. Kutokana na mgomo huo kikazaliwa chama huru cha wafanyakazi, Solidarność, yaani Mshikamano. Wajda alipokwenda kiwandani, mfanyakazi mmoja alimwambia awatengenezee filamu kuhusu wao, na akaipendekeza iitwe Człowiek z żelaza, yaani Mtu wa Chuma. Filamu ikatengenezwa kwa haraka kubwa, na Mei 1981 ikatwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la Cannes. Lech Wałęsa, kiongozi wa mgomo huo, mwenyewe anaonekana ndani yake.

Janda anarudi akiwa Agnieszka yuleyule, lakini sasa ameolewa na mtoto wa Birkut, amezaa, na yuko mahabusu. Yule binti wa hatua ndefu anasimulia maisha yake akiwa ameketi kwenye kitanda cha mahabusu, sauti imetulia. Alilipunguza kwa makusudi lile lililompa sifa. Huo ni ujasiri wa kisanaa ambao vijana wengi hupata shida kuuelewa, maana makofi ya jana hutudai tuyarudie leo.

Mwaka huohuo wa 1981 aliigiza pia katika Mephisto ya mwongozaji István Szabó wa Hungaria, filamu iliyopata Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Mhusika mkuu, aliyechezwa na Klaus Maria Brandauer, ni mwigizaji wa Kijerumani anayepanda ngazi kwa kuwatumikia Wanazi. Kila mara anajiambia kwamba yeye ni msanii tu. Janda ni Barbara, mke wake, anayeiona hatari mapema, anakataa, na kuondoka Ujerumani. Ni uhusika mdogo kwa dakika, lakini ndio mizani ya filamu nzima. Bila Barbara, mtazamaji angeweza kudhani kwamba mume hakuwa na njia nyingine.

Ndugu zangu, maswali ya filamu hiyo hayakungoja. Tarehe 13 Desemba 1981 Jenerali Wojciech Jaruzelski alitangaza utawala wa kijeshi Poland. Solidarność ikapigwa marufuku, Mtu wa Chuma ikaondolewa kwenye kumbi. Waigizaji wengi wa Poland wakakubaliana kutoonekana kwenye televisheni na redio ya serikali, wakapoteza kipato na umaarufu. Swali la Mephisto likawa swali la chakula cha jioni.

Hoja ya tatu: dhamana hupimwa kazi inapofungiwa

Nafika kwenye filamu niliyowaahidi. Przesłuchanie, yaani Mahojiano, iliongozwa na Ryszard Bugajski katika kundi la utayarishaji lililoongozwa na Wajda. Ilipigwa picha mwaka 1981, katika miezi ya mwisho ya uhuru mfupi uliofuata mgomo wa Gdańsk.

Antonina Dziwisz, anayeitwa Tonia, ni mwimbaji wa kumbi za burudani. Mwaka ni 1951. Baada ya onyesho wanaume wawili wanamnywesha pombe, kisha wanamfikisha gerezani. Asubuhi anadhani kuna makosa yatakayorekebishwa kabla ya chakula cha mchana. Wanaomhoji wanamtaka asimulie wanaume aliowajua, mmoja baada ya mwingine, na polepole tunaelewa wanachokitaka: ushahidi wa kumwangamiza ofisa mmoja aliyewahi kuwa mpenzi wake. Tonia hajui lolote la siasa. Anachojua ni kwamba maneno wanayomtaka ayatie sahihi si ya kweli.

Angalieni jinsi Janda anavyoupanga uhusika huu. Anaanza akiwa na kelele, anacheka ovyo, anatukana, anarembua macho mbele ya wanaomhoji. Hana dalili yoyote ya ushujaa, na hilo ni uamuzi wa mwigizaji. Kisha anavuliwa kitu kimoja kimoja: usingizi, nguo, rangi ya midomo, mume anayekuja kumkana. Anafungiwa kwenye chumba chembamba ambamo maji yanapanda mwilini. Kila anapovuliwa kitu, uso unabaki mtupu zaidi na sauti inashuka, na katika utupu ule tunaona mtu ambaye hata yeye mwenyewe hakujua alikuwa ndani yake. Tonia hasemi hapana kwa sababu ya itikadi. Anasema hapana kwa sababu hawezi kusema uongo utakaomuua mtu.

Bugajski alitumia masimulizi ya wanawake waliopitia magereza ya enzi ya Stalin. Kwa hiyo Janda alikuwa akivaa maumivu ya watu waliokuwa bado hai, ambao wangeweza kukaa kwenye ukumbi na kumpima. Mwigizaji akijua hilo, hana nafasi ya kujipamba.

Aprili 1982, chini ya utawala wa kijeshi, kamati ya maofisa na watu wa filamu iliitazama kazi hiyo ikiwa imekamilika. Wajumbe kadhaa waliishambulia vikali kuwa ni filamu ya kuupinga ujamaa. Ikafungiwa. Kundi la utayarishaji la Wajda likavunjwa mwaka 1983, na Bugajski akahamia Kanada. Lakini nakala za video zilitoka kwa siri, zikanakiliwa tena na tena, zikatazamwa sebuleni, watu wakiwa wamefunga madirisha. Waliozificha, waliozinakili na waliozibeba mifukoni hawakutajwa popote kwenye orodha ya waliotengeneza filamu, lakini bila wao isingewafikia watu.

Desemba 1989, baada ya utawala wa chama kimoja kuanguka, filamu ilionyeshwa hadharani. Mei 1990 Krystyna Janda akapewa tuzo ya Mwigizaji Bora wa Kike huko Cannes kwa kazi aliyoifanya kabla hajatimiza miaka 30. Sasa alikuwa na miaka 37.

Nisimame hapa kidogo. Tunapenda kusimulia kisa hiki kama ushindi, na ni ushindi kweli. Lakini miaka ile saba haikurudi kwa mtu yeyote. Wapo waliokuwa na haki ya kuiona filamu hiyo ambao hawakuishi hadi 1989. Kila anayekalia kiti cha kuamua kazi ipi ionyeshwe na ipi isionyeshwe anapaswa kuibeba hesabu hiyo moyoni.

Hoja ya nne: mambo ya nyumbani yana uzito uleule

Mtu angeweza kudhani kwamba Janda ni mwigizaji wa siasa peke yake. Mwaka 1988 mwongozaji Krzysztof Kieślowski alimpa uhusika wa Dorota katika sehemu ya pili ya mfululizo wake wa Dekalog. Mume wa Dorota yuko mahututi hospitalini, naye ana mimba ya mwanamume mwingine. Anamwendea daktari na kumtaka aseme: mume atapona au atakufa? Jibu ndilo litakaloamua kama mimba itabaki. Daktari huyo anachezwa na Aleksander Bardini, yuleyule mwalimu wake wa chuoni. Mwalimu na mwanafunzi wanakaa chumba kimoja, kila mmoja akimwachia mwenzake nafasi ya kunyamaza. Walimu mliopo hapa mtakubaliana nami kwamba hakuna mtihani mzuri kuliko huo.

Kwenye jukwaa, tangu 1990, alicheza Shirley Valentine, mchezo wa Willy Russell wa mhusika mmoja: mke wa nyumbani wa Liverpool anayeongea na ukuta wa jiko lake mpaka siku anapoamua kusafiri. Watazamaji wa Poland waliupenda mno, naye akauigiza kwa miaka mingi. Mwanamke wa jikoni alipewa umakini uleule aliopewa mfungwa wa Stalin.

Hoja ya tano: msanii akiamua kujiweka wazi, ajiweke kwa kipimo

Mume wa Janda, Edward Kłosiński, alikuwa mpiga picha za filamu. Yeye ndiye aliyepiga picha za Mtu wa Marumaru, Mtu wa Chuma, na ile sehemu ya pili ya Dekalog. Kwa maneno mengine, picha nyingi za Janda zinazokumbukwa na dunia zilipita kwenye jicho lake. Alifariki Januari 2008 kwa saratani.

Wajda alikuwa akitayarisha Tatarak, filamu inayotokana na hadithi ya Jarosław Iwaszkiewicz kuhusu mwanamke mgonjwa na kijana mmoja kando ya mto. Janda aliandika masimulizi ya siku za mwisho za mumewe, na masimulizi hayo yakaingizwa kwenye filamu. Anayasema mwenyewe katika chumba cha hoteli chenye mwanga hafifu, kamera ikiwa imesimama mahali pamoja, na mara nyingi haoni haja ya kuitazama. Anaeleza vipimo, madaktari, kusubiri. Hamumwoni akilazimisha machozi. Filamu ilipata Tuzo ya Alfred Bauer katika tamasha la Berlin mwaka 2009.

Siku hizi, kila mwenye simu anaweza kuutangaza msiba wake kabla marehemu hajazikwa. Tatarak inatufundisha adabu nyingine. Janda alifungua mlango wa nyumba yake, lakini aliamua yeye mwenyewe ufunguliwe kiasi gani, kwa maneno gani, na kwa heshima ya nani.

Hoja ya sita: sanaa inahitaji nyumba, na nyumba inahitaji mwenyewe

Mwaka 2004 Janda na mumewe walianzisha taasisi ya utamaduni yenye jina lake. Walichukua sinema ya zamani ya Polonia katika mtaa wa Marszałkowska, Warsaw, wakaikarabati na kuifungua mwaka 2005 kuwa ukumbi wa tamthilia wa binafsi, Teatr Polonia. Mwaka 2010 ukafuata ukumbi wa pili, Och-Teatr, nao ndani ya sinema ya zamani.

Fikirini maana yake. Mwigizaji mwenye tuzo ya Cannes, aliyepita miaka 50, anaanza kuhangaika na paa, mishahara, bei ya tiketi na bili za umeme. Chini ya ukomunisti adui wa sanaa alikuwa mkaguzi mwenye mhuri. Baada ya 1989 hatari ikabadilika sura: ukumbi usiojaza viti hufungwa, na hakuna anayelazimika kutoa sababu. Janda aliyaelewa mabadiliko hayo mapema. Akapanga michezo ya kuchekesha itakayojaza viti ili ipatikane nafasi ya michezo migumu. Majira ya joto Polonia hutoa maonyesho ya bure uwanjani Plac Konstytucji, ambapo mpita njia aliyetoka sokoni anaweza kusimama na kutazama tamthilia.

Hakuacha kuigiza. Mwaka 2019, katika tamasha la Sundance nchini Marekani, alipewa tuzo maalumu ya uigizaji kwa filamu ya Dolce Fine Giornata ya mwongozaji Jacek Borcuch. Humo anamwigiza mshairi wa Kipolandi mwenye Tuzo ya Nobel anayeishi Italia, na hotuba yake moja inamgombanisha na jamii iliyokuwa ikimwenzi. Alikuwa na miaka 66, na bado alichagua uhusika wa mwanamke anayelipa gharama ya kusema.

Mwelekeo

Hoja zangu sita zinakutana mahali pamoja. Agnieszka alinyang'anywa kamera akaendelea kutafuta. Tonia alikataa kutia sahihi uongo. Barbara aliondoka. Mwigizaji aliyewavaa wanawake hao hakuwaacha kwenye kioo. Alipopata nafasi ya kujenga, alijenga mahali pa kuwasemea wengine. Huo ndio mwendelezo ninaouita dhamana.

Nina mapendekezo matatu. La kwanza, tuzitafsiri Mtu wa Marumaru na Mahojiano kwa maandishi ya Kiswahili chini ya picha, ili zifundishwe madarasani na zionyeshwe mitaani. Watu wetu wamezoea kwa miaka mingi filamu za kigeni zenye msimulizi wa Kiswahili. Ufundi tunao, kilichobaki ni kuuelekeza kwenye kazi za aina hii. La pili, wanafunzi wa historia na wa filamu waende pamoja Tengeru, wapige picha, wakusanye kumbukumbu za wenyeji waliosimuliwa na wazee wao, wakati wasimulizi wangali hai. La tatu, katika miji yetu yapo majumba ya sinema yaliyogeuzwa maghala na maduka. Kundi la wasanii likipata hata moja, na halmashauri ikatoa masharti nafuu ya pango, kazi inaweza kuanza msimu ujao.

Kwenu waigizaji vijana: mtakapoletewa mswada, ulizeni malipo, ni haki yenu. Halafu ulizeni pia uhusika huo unamsemea nani, na kama mko tayari kusimama naye siku mambo yatakapokuwa magumu. Nategemea kuwaona kwenye kioo na jukwaani, nikiwatambua kwa jibu mtakalokuwa mmetoa.